Maji Niliyotumwa Kummwagia Shemeji

KITUO CHA POLISI HA NKOPO, WILAYA YA LERIBE
MAELEZO YA SHAHIDI
Kuhusu: Kifo cha Moeketsi Phafoli

Jina: Puseletso Ramakhula
Umri: Miaka 18
Kazi: Sina. Nimemaliza sekondari mwaka jana.
Makazi: Kijiji cha Thoteng, kwa mama yangu
Tarehe ya kuandikwa: Jumatatu, 14 Julai 2025

Mimi niliyetajwa hapo juu nimeelezwa na Koplo Nthatuoa Sekete kwamba niseme niliyoyaona na kuyasikia mwenyewe, na pale niliposimuliwa niseme nimesimuliwa. Nimeelewa. Nimekuja kwa miguu yangu na hakuna aliyenituma.

Marehemu Moeketsi Phafoli alikuwa shemeji yangu, mume wa dada yangu. Dada tangu aolewe anaitwa 'Mathuso. Ukweni walimpa jina hilo, yaani mama Thuso, kabla hajapata mtoto, kama ilivyo kwetu, na Thuso ni jina walilochagua la mvulana. Ndiyo maana watu wengi waliomfahamu walikuwa wanangoja mvulana. Wote wawili walifanya kazi katika kiwanda cha jinzi cha Mohlanka, hapa Ha Nkopo. Dada alishona mifuko ya suruali na shemeji alikuwa upande wa kufulia.

Mnamo tarehe 20 Mei mwaka huu, saa moja asubuhi, nilikuwa kwenye mstari wa watafuta kazi nje ya geti la kiwanda. Nilikuwa nakwenda kila asubuhi tangu nipate matokeo ya mtihani, lakini kwa kuwa sijui kujisogeza mbele, nilikuwa nabaki nyuma mpaka geti linafungwa. Siku hiyo mlango mdogo wa geti ulifunguliwa na mlinzi anayeitwa Ralikhomo akatoka akimburuta dada yangu kwa mkono. Dada alikuwa na mimba ya miezi saba. Nyuma yao alitoka msimamizi wa ushonaji, Ntate Khoboko, yaani Bwana Khoboko.

Dada alisema, "Ntate Khoboko, sijaomba zawadi. Nimeomba likizo ya uzazi. Sheria mpya inanipa, tena na mshahara wake."

Ntate Khoboko alijibu, "Sheria hiyo iko Maseru, mji mkuu, mama. Hapa ni Ha Nkopo. Mkataba wako umekwisha. Na mimba hiyo haikushonwa kwenye mashine yangu."

Watu kwenye mstari walicheka. Dada alishika nondo ya geti akasema haondoki. Ralikhomo alichomoa kirungu kiunoni akampiga kwenye vidole alivyoshikia nondo. Alimpiga hivyo huku akimtazama usoni, bila haraka, mpaka vidole vikaachia. Kisha akampiga teke nyuma ya goti. Dada alianguka kwa ubavu, mikono yote miwili ikiwa tumboni, kwa hiyo hakuweza kujikinga na uso wake ukagonga zege.

Kabla hajainuka, Ntate Khoboko aliinua sauti, "Nataka mshona mifuko mmoja! Nafasi ipo sasa hivi!"

Mstari wote ulisukumana kuelekea mlango mdogo. Dada alikuwa amelala mbele ya mlango huo. Mwanamke mmoja alimkanyaga mguu. Mwingine alimkanyaga mkono na kusema, "Samahani, ausi, dada yangu, nina watoto," akaendelea kusukuma. Mimi nililala juu ya dada. Nilipigwa na viatu mgongoni na mbavuni, na sijui ni vya nani. Mlango ulipofungwa, mmoja alikuwa amepata kazi na sisi tulikuwa chini. Dada aliniuliza kama mtoto bado anacheza. Niliweka mkono. Alikuwa anacheza.

Baada ya hapo shemeji alikwenda kwa afisa wa kazi. Hili sikuliona, nimesimuliwa na shemeji mwenyewe. Afisa alifika kiwandani na kusema kwamba mkataba wa mwanamke haukatwi kwa sababu ya mimba, kwamba dada apewe likizo yake na mshahara wake, na kwamba hata baba wa mtoto ana siku zake za likizo. Shemeji aliniambia kwamba wanawake wengine waliokuwa wakificha mimba chini ya aproni walianza kunyoosha migongo. Kuanzia hapo wafanyakazi walimwita shemeji Ntate Sheria. Wengine walimwita hivyo kwa kumpenda na wengine kwa kumcheka. Dada mwenyewe bado hakupewa likizo wala mshahara.

Mnamo Jumapili, tarehe 29 Juni, baada ya kanisa, nilikuwa na shemeji kwenye bomba la maji karibu na nyumba yake. Ralikhomo alipita, hakuwa na sare. Alisimama na kusema, "Ntate Sheria, omba Mungu akupe msichana. Ukipata mvulana tutakupiga mpaka utukumbuke."

Watu wote waliokuwa bombani walicheka, na shemeji pia. Alijibu, "Nipigeni tu, mgongo ninao." Kwetu kila baba mtarajiwa huambiwa maneno hayo. Mtoto wa kiume akizaliwa, baba yake hushtukizwa kwa fimbo, na hiyo ndiyo namna ya kumpa habari. Akizaliwa wa kike, humwagiwa maji ya baridi. Fimbo ni za mzaha na hazilengi kichwa. Mimi pia nilicheka siku hiyo.

Dada alikuja kujifungulia kwa mama Thoteng, kwa sababu ni mtoto wa kwanza. Mnamo Alhamisi, tarehe 10 Julai, saa nne asubuhi, alijifungua salama mtoto wa kike. Waliokuwemo chumbani ni mama, mkunga na mimi. Mama alisema habari hiyo isitoke nje ya ua mpaka baba yake aambiwe kwanza. Hatukumpigia simu mtu yeyote. Hata tungempigia shemeji asingepokea, kwa sababu simu za wafanyakazi hufungiwa kabatini getini hadi jioni.

Saa nane mchana mama alinipa ndoo ndogo yenye mfuniko, imejaa maji ya kisima. Nilimwambia, "'M'e, naona aibu. Geti lote litanitazama."

Mama alisema, "Aibu ya nini, ni shemeji yako huyo. Mmwagie yote, usibakize. Halafu kimbia, maana atakukamata akulowanishe na wewe."

Dada alicheka kitandani mpaka akashika tumbo. Alisema, "Mwagia kwenye shingo, ndani ya kola. Hapo ndipo hapendi."

Nilifika getini saa kumi na nusu. Nilikaa karibu na 'M'e 'Mamokete, anayekaanga maandazi pale. Aliniuliza nimebeba nini. Nilisema maji ya kunywa. Aliniambia, "Baridi yote hii unakunywa ndoo nzima? Wewe mtoto una siri." Nilitazama chini. Sikumwambia yeye wala mtu mwingine yeyote njiani. Naomba hili liandikwe vizuri. Sikumwambia mtu.

Saa kumi na moja king'ora kililia. Wafanyakazi walianza kutoka baada ya kupekuliwa. Shemeji alitoka na kundi la wanaume wa kufulia. Nilisimama na kushika mfuniko wa ndoo. Alikuwa kama hatua ishirini kutoka kwangu na hakuniona, kwa sababu watu walikuwa wengi.

Wanaume wawili walitokea kwenye pembe ya ukuta. Walikuwa wamejifunga mablanketi hadi machoni, jambo ambalo si la ajabu kwenye baridi ya Julai. Kila mmoja alikuwa na fimbo. Wa kwanza alimpiga shemeji mabegani kutoka nyuma.

Mwanamke mmoja alipiga kigelegele. Wengine wakaitikia. Mtu alipaza sauti, "Thuso amezaliwa!" Watu walifungua nafasi, wakafanya duara na kupiga makofi.

Shemeji aligeuka. Alikuwa anacheka. Aliinua mikono yote miwili na kuuliza, "Mvulana? Kweli ni mvulana?" Walimpiga tena mgongoni, akapokea. Alipiga hatua mbili za kucheza, na watu wakashangilia zaidi. Mmoja wa wale wawili alisema kwa sauti, "Chukua likizo yako, baba mtoto! Chukua likizo!" Watu wote walicheka kwa maneno hayo. Mimi nilibaki nimesimama. Nilidhani kuna mtu kutoka kwetu ametangulia na kukosea. Nilijiuliza ni nani, kwa sababu aliyetumwa ni mimi.

Pigo lililofuata lilikuwa kwenye goti. Nilisikia mlio wake. Shemeji alianguka kwa mkono mmoja na bado alikuwa anacheka kidogo, kama mtu anayesema basi imetosha. Alisema, "Jamani, taratibu." Akapigwa mdomoni. Meno yalitoka. Yule mwingine alimpiga kwenye kiwiko, mkono ukainama upande usioinama. Vigelegele viliendelea kwa walio nyuma, ambao hawakuona.

Nilisema, "Ni msichana." Sauti yangu haikutoka. Nilisema tena, na mwanamke aliyekuwa mbele yangu akanigeukia akicheka na kuniuliza, "Unasemaje?" Nilipita chini ya mikono ya watu mpaka ndani ya duara.

Shemeji alikuwa amepiga magoti na kufunika kichwa kwa mkono mzima. Yule wa kwanza alishika fimbo kwa mikono miwili na kumpiga kichwani. Mkono uliokuwa umefunika ulianguka. Akampiga mahali pale pale mara ya pili. Damu ilitoka sikioni.

Nilimmwagia yule mtu maji yote usoni. Blanketi lilimlowa na likamshuka hadi kifuani, na nikamwona. Alikuwa Ralikhomo. Namfahamu kwa sababu tarehe 20 Mei nilimtazama vizuri alipokuwa anapiga vidole vya dada yangu. Alinitazama na yeye. Alisema, "Toka, mtoto wewe," kisha akanipiga fimbo kwenye mkono wa kulia, chini ya kiwiko. Mfupa ulivunjika. Ndoo ilianguka.

Hapo nilipiga kelele. Sijawahi kupiga kelele namna ile. Nilisema, "Ni msichana! Dada amezaa msichana! Kwa nini mnampiga fimbo?"

Vigelegele vilikatika. Ralikhomo alitumia kimya hicho kumpiga shemeji tena, kwenye mbavu, akiwa amelala.

'M'e 'Mamokete alisema, "Jamani, hii si furaha. Wanamuua!" Alishika karai la mafuta kwa aproni yake na kummwagia Ralikhomo miguuni. Mguu wake wa kushoto ulipata mafuta mengi, kuanzia juu ya kiatu hadi gotini. Alilia na kuangusha fimbo. Yule mwingine alitupa fimbo yake akakimbilia upande wa reli, na wanawake wa ushonaji wakamfukuza kwa mawe. Jiwe moja lilimpata nyuma ya kichwa akayumba, lakini hakuanguka. Huyo sikuona uso wake.

Ralikhomo hakukimbilia barabarani. Alikimbilia geti la kiwanda huku akichechemea. Mlango mdogo ulifunguliwa kutoka ndani, akaingia, ukafungwa. Aliyefungua nilimwona, kwa sababu alitoa kichwa nje kuangalia kama kuna anayefuata. Alikuwa Ntate Khoboko. Wanaume wa kufulia walipiga geti kwa mateke na mawe mpaka bati likabonyea, lakini halikufunguka.

Nilikaa chini karibu na shemeji. Alikuwa anapumua kwa mlio. Jicho moja lilikuwa limefumba, jingine lilinitazama. Aliniuliza, "Mvulana?"

Nilimwambia, "Msichana, shemeji. Mzima. Na dada mzima."

Aliitazama ndoo iliyokuwa chini. Kisha akasema, "Sasa mbona sijalowa?"

Maji yalikuwa yamekwisha. Nilimwambia 'M'e 'Mamokete anipe maji. Alinipa kwenye kikombe maji yake ya kukandia unga. Nilimmwagia shemeji shingoni, ndani ya kola, kwa mkono wa kushoto. Alisisimka akasema, "Baridi." Sikumsikia akisema neno jingine. Tulimpakia kwenye pikapu ya mwuza makaa. Nilishika kichwa chake njiani. Alifariki kabla hatujafika hospitali. Daktari alinifunga mkono plasta jioni hiyo hiyo.

Mnamo Jumamosi, tarehe 12 Julai, asubuhi, Ntate Khoboko alifika nyumbani kwetu Thoteng na gunia la unga na kondoo mmoja. Utete umesimikwa juu ya mlango wa dada kuonyesha kwamba ndani kuna mzazi, na mwanamume haruhusiwi kuingia, kwa hiyo alizungumza akiwa uani. Mama alikuwa amekaa kwenye mkeka. Mimi nilikuwa mlangoni kwa dada, na yote niliyasikia.

Ntate Khoboko alisema, "'M'e, msiba huu ni wetu sote. Vijana walikuwa wanampongeza mwenzao. Walisikia mvulana amezaliwa, wakazidisha. Ni bahati mbaya."

Mama alimuuliza, "Walisikia kwa nani?"

Alisema, "Ndiyo maana nimekuja. Semeni kwamba asubuhi mlipiga simu ofisini, na aliyepokea akasikia vibaya. Basi. Binti yako atapata likizo yake yote na mshahara. Kazi yake itamngoja. Mafao ya marehemu tutayapeleka haraka." Kisha alinitazama. "Na huyu mdogo nimemwona kwenye mstari kila asubuhi. Aje Jumatatu. Nitampa mashine ya dada yake aishike mpaka arudi."

Mama alilitazama gunia la unga. Namheshimu mama na sitaki maelezo haya yamfanye aonekane mbaya. Nyumbani hakuna anayefanya kazi sasa. Alisema polepole, "Aliyekufa amekufa, Puseletso. Mtoto anataka kula."

Dada alizungumza kutoka ndani, kupitia pazia. Hakupandisha sauti. Alisema, "Ntate Khoboko, likizo yangu niliidai nikiwa na mume. Hukunipa. Leo unaniletea na kondoo. Likizo hiyo ni yangu, ilikuwa yangu hata siku uliponitupa nje. Huwezi kuninunulia mume wangu kwa kitu changu mwenyewe."

Ntate Khoboko alisema, "Mwanamke mwenye kichanga asiongee kwa hasira, maziwa yatakauka."

Dada alisema, "'M'e, mwambie achukue kondoo wake."

Mama aliinuka, akamfungua kondoo na kumkabidhi Ntate Khoboko kamba. Alikuwa analia. Unga Ntate Khoboko alisahau kuuchukua, na bado uko uani. Hatujaugusa.

Leo ni Jumatatu ambayo niliambiwa niende kuanza kazi. Nilipita mbele ya geti hilo nikija hapa. Mstari ulikuwepo. Kuna damu ambayo bado haijatoka kwenye zege, watu wamesimama juu yake.

Swali la Koplo: Je, inawezekana kwamba waliompiga marehemu walikuwa wamepata habari ya mtoto na kukosea tu kwamba ni wa kiume?

Jibu: Hapana. Hatukupiga simu ofisini wala popote. Watu wanne tu ndio tuliojua, na wale watatu walikuwa hawajatoka nje ya ua. Aliyetumwa kutoa habari ni mimi, na nilikuwa bado sijaitoa. Wale hawakuwa na habari yoyote ya kumpa. Walikuwa na fimbo tu.

Swali la Koplo: Unafahamu kwamba utatakiwa kusema haya mahakamani, mbele ya watu na mbele ya watuhumiwa?

Jibu: Nafahamu. Naogopa. Nitasema.

Nimesomewa haya yote kwa lugha yangu na nimeyakubali kuwa ni maneno yangu. Sina la kupunguza.

Saini ya shahidi: P. Ramakhula (kwa mkono wa kushoto)

Maelezo ya afisa: Nimeandika maelezo haya kuanzia saa tatu hadi saa sita na nusu mchana. Mkono wa kulia wa shahidi una plasta. Shahidi huzungumza kwa sauti ya chini sana, na mara nyingi nilimwomba arudie. Kila aliporudia hakubadilisha neno. Wakati maelezo yanaendelea, mtu aliyejitambulisha kuwa ametumwa na kiwanda alifika mapokezi na kuomba kuzungumza na shahidi faraghani. Nilimuuliza shahidi kama anataka. Alitikisa kichwa. Nilimwambia kichwa hakiandikiki, atamke. Alitamka, na safari hii hata mapokezi walisikia: "Sitaki."

Nthatuoa Sekete, Koplo